Mikono ya Bayumi

Bulaq, Kairo
5 Ramadhani

Dada yangu Inshirah, Mama Safinaz,

Kaa chini kwanza. Kama una sufuria motoni, iteremshe, maana habari hii itakuunguzia mboga.

Kakako ni nyota wa televisheni.

Usicheke. Nakuona unavyocheka mpaka kilemba kinaanguka. Ile tamthilia ya *Wezi wa Adhuhuri*, inayoanza watu wakiwa bado na tende mdomoni, inayoifanya Kairo iwe tupu hata ukitaka kutandika mkeka katikati ya daraja unatandika: mimi nimo! Kila Rushdi Kamhawi anapofungua sefu, mikono unayoiona si yake. Uso ni wake, mikono ni yangu.

Walimleta dukani kwangu kwa kufuli nimfundishe. Siku tatu nzima! Mwanamume mzuri, wanawake wa mtaa mzima walikuja ghafla kuchongesha funguo, lakini mikono yake kama mkate uliolowekwa kwenye maziwa. Mwongozaji akanitazama mimi ninavyofanya, akasema, "Fundi Bayumi, tuazime mikono yako." Nikamwambia, "Bwana mkubwa, mikono hii haitembei bila mwenyewe." Basi tukaenda wote watatu, mimi na mikono yangu miwili.

Huku mambo ni ya haraka kuliko kukaanga yai. Kinachopigwa picha leo kinaonyeshwa kesho. Mwandishi anaandika kwenye chumba cha chai cha studio, na karatasi zinatufikia zina madoa ya daku. Mwisho wa kisa hakuna anayeujua, hata Rushdi, hata mwandishi mwenyewe.

Waambie Zifta yote. Mikono inayotazamwa na Misri nzima imekulia hapo kwenu, ikiiba maembe.

Kakako, mwenye mikono,
Bayumi


Zifta
9 Ramadhani

Kaka Bayumi,

Umechelewa kuniambia. Sehemu ya pili tu nilikushika. Ulipoegemeza kidole gumba cha kushoto kwenye ile sefu nikaona ukucha uliopasuka katikati, nikamwambia Safinaz, "Ule ukucha wa mjomba wako, ulibanwa na gurudumu la kinu akiwa na miaka tisa, akalia mpaka punda wakakimbia." Mwenye mikono wewe! Basi nilifurahi, sikufichi.

Sasa nisikilize, maana mimi nina jambo kubwa kuliko televisheni. Akdi, yaani kufunga ndoa kwa Safinaz na Hilmi, ni siku ya tatu ya Idi. Baba yake yuko kaburini, na mtoto amesema wakili wake ni wewe, hamtaki mwingine. Wewe ndiwe utakayekaa mbele ya Hilmi, mshikane mikono, maadhuni mfungisha ndoa awafunike na kitambaa cheupe, umwoze. Amekwishakipiga pasi hicho kitambaa mara tatu.

Baba yake Hilmi ni Haji Shirbini, yule wa posta, miaka thelathini dirishani, mtu ambaye stempu ikikaa upande hali chakula. Wiki iliyopita aliniuliza habari zako. Nikamjibu kama ninavyowajibu watu wote tangu zamani: kwamba ile miaka minne ulikuwa Kuwait. Uliendesha kreni bandarini. Usije ukasahau, kaka, ni kreni. Kwamba ulikuwa gerezani kwa kufungua sefu ya watu tunajua mimi na wewe na marehemu mama, na hata sisi hukutuambia vizuri ilikuwaje.

Kwa hiyo nakuomba kwa haki ya mama: mikono ionekane, mdomo ufungwe.

Dadako,
Inshirah


Bulaq
13 Ramadhani

Mama Safinaz, mboni ya jicho langu,

Wakili wa Safinaz! Nimesoma barua yako dukani kwa sauti, na Rizq muuza juisi akalia, ingawa huyo hulia hata kwa bei ya miwa. Nimekwisha kununua viatu vipya. Vinapiga kelele, lakini ni kelele ya heshima.

Kuhusu mdomo, barua yako imenikuta nimechelewa kidogo. Kidogo sana. Siku moja.

Alikuja binti wa jarida la wasanii, ana miwani mikubwa kama vioo vya basi, na mpiga picha wake. Wakapiga mikono yangu kila upande, juu, chini, ikishika funguo, ikishika glasi ya chai. Nakuwekea ukurasa ndani ya bahasha. Binti akaniuliza, "Fundi, ufundi huu ulisomea wapi?" Sasa mkahawa mzima unanitazama, ningefanyaje? Nikamwambia, "Mimi nimesomeshwa na serikali. Miaka minne, chakula na malazi bure, na walinzi mlangoni ili nisitoroke masomo."

Walicheka mpaka mtu akamwaga chai! Binti ameiandika kama ilivyo, pamoja na jina langu kamili na "mzaliwa wa Zifta". Ni mzaha tu, usiogope. Nani huko anasoma jarida la wasanii? Ninyi mnasoma bei ya pamba.

Nyota wako,
Bayumi


Zifta
18 Ramadhani

Bayumi,

Kila mtu. Umeniuliza nani anasoma, na jibu ni kila mtu. Kinyozi amelibandika kwenye kioo chake. Mwanamume akienda kunyolewa anakaa uso kwa uso na mikono yako na miaka yako minne ya masomo.

Jana nilikutana na Haji Shirbini kwenye foleni ya kunafa, ile tamutamu ya Ramadhani. Mtu ambaye huniuliza habari za kuku wangu mmoja mmoja aliinamisha macho, akasema, "Ramadhani njema, Mama Safinaz," akaondoka kabla hata ya zamu yake kufika. Aliiacha kunafa, Bayumi! Kisha nusu ya mwezi imepita, na zawadi ya msimu ambayo watu wa bwana harusi humletea bibi harusi haijaja. Majirani wanauliza, "Bado?" Nasema, "Haji anaumwa goti." Nimekuwa mganga wa magoti sasa.

Mimi ndiye niliyemwambia Kuwait. Nilimtazama usoni nikamwambia kreni. Kesho akivunja posa hatasema ni kwa sababu mjomba alikuwa mwizi. Atasema ni kwa sababu mama ni mwongo, na atakuwa amesema kweli.

Safinaz hajanilaumu. Anapanga tu vyombo vilivyokwisha kupangwa.

Usije Idi. Sisemi kwa chuki. Lakini usije.

Inshirah


Bulaq
22 Ramadhani

Dada yangu,

Hii ni barua ya nne. Tatu nilizichana kwa sababu kila nilipofika mstari wa pili nilikuta nimeanza mzaha. Ni ugonjwa. Wengine wana sukari.

Sitakuja. Mchukueni binamu yetu Mitwalli awe wakili. Ana shati jeupe na hana historia. Nimekukosea wewe, nimemkosea Safinaz, na kosa lenyewe nimelifanya kwa ajili ya glasi sita za chai na vicheko.

Nikuambie jambo moja tu. Juzi nilimkuta mwandishi wetu amekaa mbele ya karatasi tupu, macho mekundu. Zimebaki siku chache na hana mwisho. Alitaka genge lipande meli na dhahabu, liende Ugiriki, basi. Nikamwambia, "Bwana, huo si mwisho, hiyo ni likizo." Akasema, "Haya, fundi, nipe wewe." Nikampa. Nilimwambia kitu ambacho sijamwambia mtu yeyote, hata mama. Akaiweka kalamu chini, kisha akaishika tena.

Majina yote ameyabadilisha. Moja tu nilimwomba aliache lilivyo.

Sijui kama litasaidia kitu. Lakini itazame sehemu ya mwisho, Inshirah. Kama hutaki kunitazama mimi, tazama mikono tu.

Bayumi


Zifta
25 Ramadhani

Kaka,

Wamekuja. Leo, baada ya Alasiri. Haji Shirbini na mkewe, wamevaa nguo za heshima, na Haji amebeba sinia kubwa limefunikwa kitambaa. Niliwaona kwenye ufa wa dirisha. Wewe unajua kama ninavyojua mimi kwamba posa ikivunjwa, vitu hurudishwa vimefunikwa.

Sikufungua. Nilimvuta Safinaz tukakaa chini ya dirisha kama wezi, samahani kwa neno hilo. Wakabisha. Haji akaita, "Mama Safinaz! Mama Safinaz, mpo?" Kuku wakamjibu. Walisimama kitambo kirefu, kisha nikasikia miguu ikienda.

Najua siwezi kutofungua mlango maisha yangu yote. Lakini nilitaka Ramadhani iishe mtoto wangu akiwa bado ana mchumba.

Wakati wa futari anakunywa maji, anasema ameshiba.

Inshirah


Bulaq
29 Ramadhani

Inshirah,

Waambie nimekufa.

Nimefikiri sana na sioni njia nyingine nzuri. Maiti hatukanwi. Sema nilianguka kutoka kwenye kreni.

Leo tumepiga picha ya mwisho kabisa. Mikono ilinitetemeka, mimi ambaye nimefungua sefu nikipiga chafya. Nikasema turudie. Mwongozaji akasema, "Iache hivyohivyo, fundi, ndivyo ilivyo." Rushdi Kamhawi akanikumbatia, manukato yake hayajanitoka mpaka sasa, natembea mtaani nanukia kama bibi harusi.

Wanasema mwezi utaandama leo. Ukiandama, sehemu ya thelathini itaonyeshwa kesho, Idi mosi, Magharibi. Mwombee mwandishi, bado anakula kucha.

Mbusu Safinaz kwa niaba ya marehemu.

Bayumi


Zifta
2 Shawwal

Kaka Bayumi, wewe mtu mzima mjinga, wewe taa ya nyumba ya baba yetu,

Sijui nianzie wapi, nitaanzia sebuleni.

Jana walijaa. Televisheni ya jirani yetu Mama Wagdi iliungua, wakaja wote kwangu na kahki zao, zile biskuti za Idi, watu kumi na saba na mtoto wa kunyonya. Sikuweza kuwafukuza. Nikakaa nyuma, karibu na jiko.

Genge lilikuwa limemaliza kazi. Ijumaa, watu wapo msikitini, ofisi tupu, dhahabu imo garini. Rushdi anaufunga ule mlango mkubwa wa chumba cha hazina, anageuka aende, halafu anasimama. Kuna mtu anagonga. Anagonga kutoka ndani. Mlinzi mzee alikuwa ameingia mle ndani kujificha wasimwone, na wao wakamfungia bila kujua.

Wenzake wakampigia kelele, "Panda gari!" Akasema, "Mle ndani mna mtu." "Ni ndugu yako?" "Mpaka ofisi ifunguliwe hewa itakuwa imemwishia." "Basi Mungu amrehemu, panda!" Hakupanda. Gari ikaondoka na dhahabu yote. Akapiga magoti mbele ya mlango, na pale, kaka, hatukuona uso tena. Dakika nzima na zaidi ni mikono. Inatetemeka, inateleza, inajifuta kwenye suruali, inaanza upya. Na king'ora kinakaribia. Mama Wagdi akasema, "Kimbia, mwanangu, kimbia!" kana kwamba unamsikia. Mchinjaji wa mtaa aliweka kahki chini.

Mlango ukafunguka, yule mzee akamwangukia kifuani. Rushdi akamuuliza, "Jina lako nani, baba?" Mzee akasema, "Mahrus." Polisi walikuwa wameshasimama nyuma. Na mikono yako ikapanda juu, mitupu.

Watu walilia, Bayumi. Mchinjaji alilia mpaka akaniomba taulo. Lakini mimi sikulia kwa sababu yao. Mimi nililia kwa sababu ya jina. Ile miaka minne, kila Idi alikuwa anakuja mtu mlangoni kwa mama na kikapu cha mapera, anaweka, anasema, "Salamu kutoka kwa Mahrus," anaondoka. Mama alidhani ni rafiki wa marehemu baba. Alikula yale mapera akamwombea dua mtu asiyemjua.

Wewe umetusimulia jinsi ulivyomshinda bingwa wa mieleka wa Imbaba, ulivyokula njiwa kumi na wanane kwa mkao mmoja, ulivyomfundisha Mfaransa kupika maharage. Na hili ukalikalia miaka ishirini na miwili! Una wazimu?

Leo asubuhi nikavaa nguo yangu ya Idi, nikajaza sahani ya kahki, nikaenda mwenyewe kwa Haji Shirbini. Sikutaka anisubiri mimi wala nimsubiri yeye. Nikasimama mlangoni, sikukaa hata aliponikaribisha. Nikasema, "Haji, nilikudanganya. Kaka yangu hakuwa Kuwait. Alikuwa gerezani miaka minne, kwa wizi. Hajawahi kuona kreni. Safinaz hana kosa, mwongo ni mimi. Sasa rudisha unachotaka kurudisha, lakini simwonei aibu kaka yangu, na wakili wa binti yangu ni yeye au hakuna."

Haji akavua miwani. Akasema, "Mama Safinaz, hayo unaniambia mimi?"

Nikasema, "Ndiyo, wewe."

"Mimi niliyekuwa dirishani posta? Barua za kaka yako kwako zilikuja arobaini na tatu. Kuwait gani hiyo yenye mhuri wa gereza? Nilikuwa nazitia kwenye bahasha nyingine ili tarishi asizione. Bahasha nilinunua mwenyewe."

Nikakaa juu ya kiti, na juu ya kiti kulikuwa na paka.

Nikamuuliza, "Sasa mbona siku ile kwenye kunafa uliinamisha macho?" Akasema, "Niliona umeona haya, nikasema nisikuzidishie. Nimeondoka bila kunafa, na huyu hapa hajanisamehe." Mkewe akadakia kutoka jikoni, "Na sitakusamehe!" Nikasema, "Na sinia lile, si mlikuja kurudisha vitu?" Mama Hilmi akatoka jikoni na unga mpaka kwenye viwiko. "Kurudisha nini, dada? Ilikuwa zawadi ya msimu! Ilichelewa kwa sababu ya goti la huyu mzee. Tumebisha, hamkufungua. Tukasema basi, hawa sasa ni watu wa televisheni, hawatutaki tena sisi watu wa stempu. Hilmi tangu siku ile hali."

"Na Safinaz naye hali," nikasema.

"Na vilivyokuwa kwenye sinia?" nikauliza.

"Kunafa tumekula sisi," akasema Haji. "Kwa huzuni."

Goti kumbe linamuuma kweli, Bayumi! Nilicheka mpaka nikalia, nikalia mpaka paka akakimbia. Tumekaa wiki nzima, nyumba mbili, kila mmoja amejifungia kwake akidhani ameachwa.

Nimerudi nyumbani, nimemkuta Safinaz amesimama mlangoni na uso mweupe. Nikamwambia neno moja tu, "Kula." Amekula samaki watatu wa chumvi na vitunguu vyote, na sasa amelala kama mtoto.

Akdi tumeisogeza hadi Ijumaa ijayo, tarehe kumi, ili barua hii ikufikie. Njoo na hivyo viatu vyako vinavyopiga kelele. Haji anasema ana swali moja tu kwako kuhusu kufuli la kabati lake, na akakonyeza.

Dadako, ambaye usipokuja atakufuata Bulaq na mwiko,
Inshirah


Bulaq
6 Shawwal

Dada,

Nimeisoma barua yako nimesimama, nikaisoma nimekaa, kisha nikampa Rizq aisome, maana herufi zilikuwa zinaogelea. Tumefunga duka. Nimeandika mlangoni: "Fundi yuko kwenye furaha."

Umeniuliza kama nina wazimu. Fikiria mwenyewe. Mimi naishi Bulaq, katikati ya mafundi wa kufuli. Ningewaambiaje kwamba nilishatoka, nimo garini, dhahabu mapajani, nikateremka kurudi kukamatwa? Wangenicheka mpaka leo. Mwanamume aliyemshinda bingwa wa Imbaba anaheshimiwa. Anayerudi mwenyewe kwa polisi anaitwa punda. Na mama ningemwambia nini? Nilikuwa mwizi, Inshirah. Siku moja nilifungua mlango uliostahili kufunguliwa, lakini kabla ya hapo nilifungua mingi isiyostahili, na sikutaka aukumbuke huo mmoja akasahau mingine.

Sasa basi. Mtaani wananiita Bwana Mwisho. Juzi kuna mama alinibusu mikono sokoni nikakosa la kusema, na hilo halijawahi kutokea, muulize Rizq.

Nitafika Alhamisi kwa treni ya Adhuhuri. Nina viatu, nina suti, nina ndoo ya halua. Na sitakuja peke yangu. Nimekwenda mpaka Shubra kumtafuta mtu na nimemkuta, ana miaka themanini na moja, masikio yamechoka lakini kicheko kizima. Naye aliitazama tamthilia kwa jirani. Aliposikia jina lake alikwenda kuangalia kama nguo yake nzuri bado inamtosha. Nimemwomba awe shahidi wa ndoa.

Mzee Mahrus hana matata, anakula kila kitu na anapenda watoto. Mkaribisheni vizuri. Mkalisheni karibu na mlango, dada, na mlango wenyewe muuache wazi.

Kakako,
Bayumi